Waliomega Jiwe la Msingi

Atakayesema nchi hii haipo, na aseme. Lugome aliiona kwa macho yake mawili na kuigusa kwa mikono yake ya kazi, na hakuwa mtu wa kutunga. Alikuwa mwashi. Shule aliishia darasa la tatu, lakini ukuta uliopinda aliujua kabla hajatoa timazi mfukoni.

Njia iliyomfikisha huko haina la kusimulia. Itoshe kwamba alikuwa amemzika mkewe, Marselina, na kwamba siku ya mazishi wazee wa kanisa la mkewe walimwambia yeye, mume wa miaka thelathini na mmoja, akae nyuma ya kamba pamoja na wapita njia, kwa kuwa alikuwa akisali kwingine. Akakaa nyuma ya kamba. Walimzikia mke huku akichungulia juu ya mabega ya watu. Toka siku hiyo hakutulia mahali. Akabeba mfuko wake wenye tindo, nyundo na mwiko, akaenda kama mtu anayefukuzwa, mpaka asubuhi moja akajikuta mbele ya nyumba iliyo kubwa kuliko mji wowote aliowahi kuufanyia kazi.

Hiyo nyumba ndiyo nchi. Inaitwa Darimoja. Watu wote wa nchi ile wanaishi chini ya paa moja, na paa lenyewe ni zuri, hilo Lugome alilikubali. Wanasema nyumba ilijengwa na Mwenye Nyumba, na kwamba jiwe la msingi liliwekwa pale na Mwana wake kwa mikono yake mwenyewe, mikono ikachanika, damu ikalowa mpaka ndani ya jiwe. Lugome alipoyasikia hayo alivua kofia. Mwana huyo alimjua. Ndiye yule yule ambaye Lugome alifundishwa habari zake utotoni, akiwa amekaa chini kwenye mkeka na wenzake, kwa miezi minane.

Mlangoni alikaa mama mnene mwenye daftari, jina lake Keturah, mwandikishaji wa wanaoingia.

"Chumba gani?" akauliza bila kuinua kichwa.

"Sina chumba, mama. Mimi ni Mkristo."

Keturah akaweka kalamu chini, akacheka hadi kiti kikalia. "Jamani, huyu naye! Mkristo! Baba, humu hata panya ni Wakristo. Nimekuuliza chumba."

"Viko vingapi?"

"Asubuhi vilikuwa arobaini na kimoja." Akatega sikio ushorobani, ambako nyundo zilikuwa zinagonga. "Sasa hivi sema arobaini na viwili. Chumba cha Taa Kushoto wamegawana. Wengine wanasema kushoto ni kushoto kwa anayeingia, wengine kwa anayetoka."

Lugome akadhani anataniwa. Akasubiri mama amalizie mzaha wake. Mama akachovya kalamu, akamwandika: *Mgeni, hajaamua.*

Kwa sheria ya Darimoja, mgeni ambaye hajaamua hupewa siku tatu, na katika siku hizo kila chumba kinaruhusiwa kumpikia. Kabla ya adhuhuri Lugome alikuwa ameshakula uji mara tano, kila bakuli na mhubiri wake. Aliyatazama mambo ya humo kama mtu anayeangalia mkokoteni ukiendeshwa na punda aliye nyuma. Mkate uliookwa chumba kimoja ni marufuku kuliwa chumba kingine. Ukisikia wimbo mzuri unapita ukutani kutoka kwa majirani, sheria inakutaka ukohoe, usije ukaufurahia. Watu wa vyumba viwili wakikutana ushorobani hawasalimiani. Kila mmoja huinua uso akatazama juu hadi mwenzake apite.

"Mbona mnatazama juu?" Lugome alimuuliza mmoja.

"Tunatazama dari," yule akajibu kwa upole kabisa. "Dari ni moja. Huo ndio umoja wetu."

Ipo hata Sikukuu ya Umoja. Siku hiyo milango yote hufungwa kwa komeo, na kila chumba kinaimba peke yake kuhusu kupendana.

Lakini kilichomtoa Lugome jasho kilikuwa juu ya milango. Kila mlango ulikuwa na kipande cha jiwe kimening'inizwa kwa kamba nyekundu. Vingine vilikuwa kama ngumi, vingine kama kichwa cha mbuzi. Wanaviita vimego. Hakuna chumba kinachotambuliwa bila kimego, kwa maana kimego ndicho ushahidi kwamba chumba hicho kimesimama juu ya msingi wa kweli. Chumba kipya kikizaliwa, jambo la kwanza ni kumteremsha mmegaji aliyeapishwa chini ya sakafu yake, na tindo mkononi, akalete kipande.

Lugome akakishika kimoja, akakigeuza. Upande mmoja ulikuwa umekaa sawasawa kwa ufundi ambao hajawahi kuuona. Upande mwingine ulikuwa na makovu mabichi ya tindo.

"Mnakitoa wapi hiki?" akauliza, na sauti yake mwenyewe ikamshtua.

"Kwenye jiwe la msingi. Wapi tena?"

"Msingi wa nyumba hii hii? Mnayoishi?"

"Sasa tungemega msingi wa nyumba ya nani?" wakamjibu, wakamhurumia kwa ujinga wake.

Miaka yote ya kazi alishaona watu wakiiba saruji, wakiiba nondo, wakiiba hata milango iliyokwisha kufungwa. Hakuwahi kuona watu wanaobomoa msingi ili kuthibitisha kwamba wamesimama juu yake. Akainua macho, na sasa akaona ambacho tumbo lililojaa uji lilikuwa limemficha. Ufa. Ulianzia sakafuni ukapanda mpaka darini, na pale alipokuwa amesimama vidole vyake vinne vingeingia.

Wakati anaupima, mzee mmoja mwembamba akamkaribia. Hakuwa na bakuli mkononi.

"Wewe ni fundi wa kuta?"

"Ndiyo, mzee mwenzangu."

"Naitwa Obedi, wa Chumba cha Wima. Sikuja kukuhubiria. Nina ukuta mmoja, nataka uniangalizie."

Obedi alikaa katika nusu ya chumba. Ilikuwa nusu kweli: dirisha lilikatwa katikati, na kitanda chake kilikuwa na miguu miwili tu, upande wa pili ukiwa umeegeshwa kwenye matofali. Ukuta ulipita pale kitanda kilipokatwa.

"Zamani tulikuwa chumba kimoja," Obedi akasema, akiketi sakafuni mgongo ukiwa ukutani. "Miaka kumi na moja iliyopita wakubwa wakakosana. Hawa wakasema Mwenye Nyumba anaombwa kwa kusimama wima, hawa wakasema kwa magoti. Mimi goti hili lilishavunjika, siwezi kulikunja. Mke wangu Yudithi alizoea kupiga magoti tangu kwao. Hatukuwahi kugombana kwa hilo hata siku moja, bwana. Alipiga magoti mimi nikiwa nimesimama hapo hapo, mkono wangu begani kwake. Wakaja na pima. Wakaweka ukuta katikati ya godoro."

"Na wewe ukakubali?"

"Nilikuwa na nani wa kuniuliza kama nakubali?"

Obedi akagonga ukuta mara mbili kwa kifundo cha kidole. Wakasubiri. Ikapita muda ambao mtu angeweza kuvua viatu na kuvivaa tena. Kisha kutoka ng'ambo kukaja kugonga kudogo, mara mbili.

"Mbili ni *nipo*," Obedi akasema. "Zamani alijibu kabla sijaondoa kidole. Wiki hii anachelewa. Jana alijibu moja, ya pili ikaja baadaye sana. Anakufa, fundi. Nimeomba ruhusa mara tisa nikamshike mkono. Mtu wa Wima haingii Chumba cha Magoti. Nataka tu unitobolee tundu. La mkono. Nipitishe mkono, basi."

Lugome akapiga magoti, akaugonga ukuta chini, akagonga juu, akalaza sikio. Akagonga tena chini kabisa, mahali ambapo ukuta unakutana na sakafu. Akashusha timazi, akagonga mara ya tatu.

"Mzee Obedi. Nani aliwaambia hizi kuta zimeanzia wapi?"

"Zimetoka kwenye jiwe lenyewe. Ndivyo tunavyofundishwa toka watoto. Kila ukuta umeota kwenye msingi, mgawanyiko wetu uko mpaka chini kwenye jiwe. Ndiyo maana haziondoki."

"Umewahi kushuka?"

"Hashuki mtu ila wamegaji, na wao wamekula kiapo kutosema."

"Basi sikiliza mlio huu." Akagonga. "Huu ukuta hauna msingi. Umewekwa juu ya mbao za sakafu kama kabati. Chini yake ni wazi."

Obedi akaugusa ukuta kwa kiganja. Kwa umri wake wote hakuwa amewahi kusikia neno baya kama lile, wala zuri.

Lugome alikuwa mtu wa hasira, lakini pia mtu wa utaratibu. Alitaka wakubwa waambiwe kwanza, ili wasije wakasema hawakujua. Wakapanda ghorofani, kwenye Baraza la Kuta.

Hapo napo akashangaa upya. Wakubwa wa vyumba vyote arobaini na viwili walikuwa wamekaa meza moja, wanakula chungu kimoja. Mkuu wa Wima alikuwa anampakulia mkuu wa Magoti mchuzi. Mkuu wa Taa Kushoto ya Anayeingia alikuwa anachekeshwa na mkuu wa Taa Kushoto ya Anayetoka mpaka anafuta machozi.

"Kumbe nyie mnakula pamoja!" Lugome akasema, hata salamu akasahau.

Mwenyekiti, Mheshimiwa Elifazi, mtu wa ndevu nadhifu na vidole vilaini, akajipangusa midomo. "Tunakula pamoja ili kujadili hatari za kula pamoja. Huwezi kuijadili hatari usiyoionja. Wewe ni nani?"

"Mwashi. Nyumba yenu inaanguka."

Vijiko vikasimama. Kisha Elifazi akatabasamu. "Nyumba haianguki. Kuna nyufa. Nyufa zina kamati."

"Kamati imefanya nini?"

"Inatafuta jina linalofaa. Wenzetu wengine hawapendi neno *ufa*. Linavunja moyo."

"Mheshimiwa, kila chumba kinamega jiwe pale kinapolifikia, yaani chini ya sakafu yake chenyewe, kwenye nguzo zake chenyewe! Mtu anajikata mguu aonyeshe watu kwamba ana mguu! Acheni kumega, leo hii."

"Na chumba kisicho na kimego tutakitambuaje?" akauliza mkuu wa Wima, naye aliuliza kwa unyofu kabisa. Wenzake wakaitikia kwa vichwa. Lilikuwa swali zito kwao.

Lugome akaona hapa hapana kitu. Akamvuta Obedi mbele. "Basi huyu. Mke wake yuko ukuta wa pili, anakata roho. Mwacheni aingie."

Elifazi akamwangalia Obedi kwa huruma ya kuzoea. "Mzee, njia ipo, na nilishakuandikia. Utie sahihi kwamba tangu ulipozaliwa ulipotea, mkuu wako alipotea na waliokulea walipotea, uhamie Magoti, ufundishwe miezi minane, upige magoti mbele ya mashahidi. Kisha utamwona mkeo."

"Goti halikunji, Mheshimiwa," Obedi akasema. "Na miezi minane hana."

"Hilo limo mikononi mwa Mwenye Nyumba."

"Hapana," Lugome akasema, damu imempanda mpaka masikioni. "Liko mikononi mwako, na mikono yako ina mchuzi. Nikuulize moja, mbele ya wenzako. Kuta hizi zinafika kwenye jiwe?"

Pakawa kimya ambacho Lugome hatakisahau. Si kimya cha watu wasiojua. Wakubwa arobaini na wawili waliangalia sahani zao kwa pamoja, na hata aliyekuwa anatafuna akaacha.

"Mtoeni nje," akasema Elifazi taratibu.

Hawakungoja kutolewa. Waliteremka ngazi mbiombio, Obedi akiburuta goti lake, na kule chini mzee akagonga ukuta wake mara mbili. Wakasubiri. Wakasubiri. Ikaja moja. Ya pili haikuja.

"Shimo la wamegaji liko wapi?" Lugome akauliza.

Obedi akamwonyesha. Kila chumba kina shimo lake pembeni, lenye mfuniko wa mbao, na mfuniko una maneno: *Atakayeshuka bila kiapo atakutana na ukuta.* Lugome akautia tindo, ukafunguka kwa urahisi wa kitu kinachofunguliwa mara kwa mara. Akawasha taa ya mafuta, akatangulia.

Chini hapakuwa na ukuta. Hata mmoja. Palikuwa na uwazi mmoja mkubwa, wenye kimo cha mtu aliyeinama, unaokwenda kila upande mpaka taa inachoka. Na chini ya miguu yao, jiwe. Moja. Halikuwa na kiungo wala mstari. Lilikuwa limepita chini ya Wima likapita chini ya Magoti, likapita chini ya vyumba vya Maji Mengi na Maji Machache na vile vyumba viwili vya Taa, bila kuuliza mtu chumba chake. Karibu na nguzo za kila chumba palikuwa pametafunwa vibaya, makovu juu ya makovu, nguzo nyingine zikiwa zimebaki zinaning'inia kama meno ya mzee. Lakini katikati jiwe lilikuwa zima. Tindo zote za miaka yote zilikuwa hazijalifanya kitu. Lilikuwa na weusi wa kitu kilicholowa zamani, na Lugome, ambaye hakuwa amelia hata kule nyuma ya kamba, alijikuta amelaza kiganja juu yake na hawezi kukiondoa.

"Miaka kumi na moja," Obedi akasema nyuma yake. "Ningetembea hatua sita. Hatua sita, fundi! Na walijua!"

"Walijua. Utakasirika baadaye, nitakusaidia. Twende."

Wakahesabu hatua sita. Lugome akapima kwa kiganja, akachomeka tindo katikati ya mbao mbili juu ya kichwa chake, akanyonga. Ubao ukaachia. Mwanga wa mchana ukaingia, na uso wa mwanamke ukachungulia, macho yamemtoka. Alikuwa Zilpa, muuguzi wa Chumba cha Magoti, na bakuli la maji lilikuwa limemponyoka.

"Mungu wangu! Watu! Chini kuna watu?"

"Mama, usipige kelele," Lugome akamsihi. "Huyu ni Obedi, mume wa Yudithi. Anataka kumshika mkono tu."

Zilpa akamtazama Obedi, akakitazama kitanda kilicho nyuma yake, chenye miguu miwili na matofali. "Mtu wa Wima haingii humu," akasema, na midomo ilikuwa inamcheza. "Nimeapa. Siwezi kumruhusu aingie."

"Mama!"

"Sikiliza kwanza, we baba, una haraka ya nini! Nimesema haingii *humu*. Huko chini si chumba changu. Sina zamu huko chini." Akageuka, akakunja mikono ya gauni. "Toa mbao nyingine mbili. Nitamshusha."

Walimteremsha na shuka yake, Zilpa akishika kichwa, Lugome akipokea miguu, na alikuwa mwepesi kama nguo za kufua. Obedi alikuwa ameketi kwenye jiwe, goti lake bovu limenyooka mbele, akampokea kifuani. Yudithi akafumbua macho.

"Umezeeka," akasema.

"Na wewe umekonda. Hawakulishi huko?"

"Wananilisha. Wanapika vibaya." Akavuta pumzi, kifua kikakoroma. Akapapasa chini kwa vidole, akaligusa jiwe. "Hapa ni wapi?"

"Chini yetu," Obedi akasema. "Ni moja, mke wangu. Ni moja huku kote. Walitudanganya."

Uso wa Yudithi ulikuwa wa mtu aliyeambiwa kwamba alichoogopa maisha yake yote hakijawahi kuwepo. Kisha akasema, "Basi tuseme. Kama tulivyosema siku tunaingia, kabla hawajaja na pima. Unayakumbuka?"

"Nayakumbuka."

Wakasema pamoja, yeye kwa sauti nene ya kizee, mke kwa pumzi tu, na Zilpa akiwa amechungulia kutoka juu akajikuta anaungana nao, na Lugome naye, kwa sababu yalikuwa maneno yale yale aliyofundishwa kwenye mkeka.

"Mungu ni mmoja, ndiye Baba yetu. Yesu ni Mwanawe, ndiye Bwana wetu. Alikufa kwa ajili yetu tukiwa bado hatumtaki. Akazikwa. Akafufuka, na mauti hayamwezi tena. Roho wake yuko nasi sote tumwaminio, wakubwa kwa wadogo. Atarudi, na sisi tutakuwa wake."

Kule chini hapakuwa na kitu cha kuzuia sauti. Ilitambaa juu ya jiwe, ikaenda pande zote, ikapanda kwenye mashimo ya wamegaji, arobaini na mawili, ikatokea katika kila chumba kupitia mfuniko wa chumba hicho. Na kila chumba kikadhani ni wazee wake wanaosali. Wa Wima wakajua ni Wima. Wa Magoti wakajua ni Magoti. Hakuna aliyesikia kosa, kwa kuwa kosa halikuwamo. Wakaitika nchi nzima, kwa pumzi moja:

"Amina!"

Mbao zikatetemeka. Vumbi likawaangukia kichwani. Kisha ukafuata ukimya wa kutisha, maana kila chumba kilikuwa kimesikia vyumba vingine vyote vikiitikia sala yake.

Yudithi alikuwa ametabasamu. Obedi alihisi vidole vyake vikimgonga kifuani, mara mbili. Akangoja vimgonge tena, akangoja, mpaka Lugome akamwekea mkono begani.

Juu kulikuwa kumechafuka. Watu walikuwa wanakimbia ushorobani, wakigongana, wakisahau kutazama dari. "Nani kaitika?" "Nyie mmeitika?" "Sisi tumeitika yetu!" "Ni yetu ile!" Mifuniko ikaanza kufunguliwa, mmoja, wa pili, kumi, na miale ya mwanga ikashuka kila upande kama nguzo, na katika kila mwale kichwa cha mtu kinaning'inia, kinatazama pale ambapo ukuta ulitakiwa kuwa na haupo. Walikuwa wanatazamana wao kwa wao, chini ya nyumba yao wenyewe, kama watu waliokutwa bila nguo.

Katika tundu lililo juu yao akatokea Mheshimiwa Elifazi. Alikuwa amekuja mbio. Kilemba kimekwenda upande.

"Nani amesema maneno yale bila kibali?" akafoka. "Ni maneno ya chumba gani? Yaandikwe! Na ile Amina ifutwe, Baraza litakaa leo, kila chumba kitoe tamko kwamba kiliitika kwa makosa..."

"Mheshimiwa," Lugome akamkatiza kutoka chini. Hakupandisha sauti, hasira zote zilikuwa zimemwisha ghafla. "Wewe hukuitika?"

Elifazi akafungua mdomo. Vichwa vyote katika mashimo yote vikamgeukia, wakubwa kwa wadogo. Akaufunga. Akaufungua tena. Jasho lilikuwa linamtiririka kwenye zile ndevu nadhifu.

"Lilinitoka," akasema.

Obedi hakumtazama kwanza. Alikuwa anaifunga shuka taratibu kwenye mabega ya mkewe, akiiingiza chini ya kidevu kama mtu anayemkinga na baridi. Alipomaliza akainua uso.

"Basi shuka," akamwambia. "Tuko wachache, na goti langu halikunji. Shuka ushike miguu yake, tumbebe."

Elifazi akatazama nyuma yake. Akatazama chini, kwenye jiwe. Kisha Mheshimiwa akakaa ukingoni mwa tundu, akavua viatu, akaanza kupapasa kwa unyayo akitafuta pa kukanyaga.